Reli Haiji, Pandeni Baiskeli!

Mtoto wa Musoma anazaliwa anakuta watu wazima wanangoja reli. Reli ya kutoka Tanga, ipite Arusha, ije mpaka ziwani kwetu. Babu aliisikia, baba aliisikia, na sisi tumeisikia mpaka tumeizoea kama matangazo ya vifo redioni. Kisumu treni ilifika mwaka 1901. Mwanza ikafika mwaka 1928. Sisi tulio katikati ya Kisumu na Mwanza tuliachiwa meli na ahadi. Na kwa kuwa ahadi hailipi kodi ya pango, imekaa mjini hapa miaka yote bila kufukuzwa.

Sasa mimi nasema, na mwenye kukasirika akasirike: vijana wenzangu, tuache kungoja. Na hasa nyie mnaojiita waandishi chipukizi, ambao ndio wasomaji wa kurasa hizi. Mkoa wa Mara una njia zake tayari. Wanaokosekana ni watu wa kuzipita polepole na kuzisimulia. Kazi hiyo ni yetu, na tumeikimbia.

Ushahidi wa kwanza nautoa mbali kwa makusudi. Nawajua: jambo likitoka kwetu mnasema ni la kishamba, likitoka majuu mnaliita mradi.

Huko Ayalandi, upande wa magharibi, katika jimbo la Mayo, kulikuwa na reli ya kutoka mji wa Westport, kupita Newport na Mulranny, mpaka Achill kwenye bahari ya Atlantiki. Ilikamilika mwaka 1895. Mwaka 1937 ikafungwa. Miaka arobaini na miwili tu, kwisha. Vyuma vikang'olewa, majani yakaota juu ya tuta. Ikapita miaka zaidi ya sabini. Ndipo mwaka 2010 wakafungua kipande cha kwanza cha tuta lile kama njia ya baiskeli na ya watembea kwa miguu, na mwaka 2011 njia yote ikawa tayari, kilomita 42. Wakaiita Great Western Greenway. Treni hakuna, lakini watu wamerudi.

Wamerudi kufanya nini? Kuendesha baiskeli taratibu. Nikifika hapa washikaji wangu wa kijiweni huangua kicheko: "Yaani mtu atoke kwao na nauli ya ndege, aje kunyonga baiskeli?" Ndiyo, anakuja, tena analipa. Anakodi baiskeli, anapewa mwongozaji, kundi la watu saba au wanane linaondoka asubuhi. Hakuna mashindano. Treni haipandi mlima mkali, kwa hiyo wahandisi wa zamani walichonga huku na kujaza kule mpaka njia ikawa na mwinuko wa kubembeleza. Leo bibi mwenye mvi ananyonga bila kuhema na mjukuu wake yuko nyuma. Wakichoka wanasimama kunywa chai. Wakiiona bahari wanasimama. Mwongozaji akiwa na neno, wanasimama. Siku nzima inakwisha kwa umbali ambao gari lingeumaliza kabla hujamaliza kutafuna muwa mmoja.

Na ardhi je? Sehemu kubwa ya tuta ilikuwa imeingia mikononi mwa wakulima. Hawakunyang'anywa. Watu walikaa nao, wakazungumza, wakulima wakaridhia njia ipite katika mashamba yao, na ardhi ikabaki yao. Hilo liwekeni akilini, nitalirudia.

Sasa sikilizeni mwongozaji wa Achill ana nini cha kusimulia. Juni 1894, reli ikiwa bado haijakamilika, vijana wa Achill walikuwa wakivuka ghuba kwa mashua kwenda Westport, wakapande meli ya kwenda Scotland kuvuna viazi vya watu. Mashua ikapinduka, wakafa 32. Treni ya kwanza kufika upande ule ilibeba maiti zao. Septemba 1937, reli ikiwa karibu kabisa kufungwa, vijana kumi wa Achill, nao vibarua wa viazi, waliungua moto usiku wakiwa wamelala huko Kirkintilloch, Scotland. Treni ikawarudisha nyumbani, na baada ya hapo safari zikakoma. Wenyeji husimulia kuwa mtabiri wao wa kale, Brian Rua, alishasema zamani sana kwamba yatakuja magari ya magurudumu ya chuma, la kwanza litabeba wafu na la mwisho litabeba wafu.

Hayo unayasikia umesimama juu ya tuta lenyewe, mguu mmoja chini na mmoja kwenye pedeli. Utarudi kwenu ukiwa na nini? Picha ya mlima utaisahau. Habari ya wale vijana hutaisahau. Reli ile kazi yake kubwa ilikuwa kuwatoa vijana kwao wakatumike kwa watu, na leo inawaleta watu kwao. Kokoto na lami peke yake haviwezi kufanya hivyo. Ilibidi wawepo wenyeji wanaokumbuka na wanaojua kusema.

Je, sisi wa ziwa hili hatuna wafu wetu? Mei 21, 1996, MV Bukoba ilizama karibu kabisa na Mwanza, na mamia ya watu wakaenda nayo. Hatuna vijana wanaokwenda kutumika mbali? Nenda alfajiri stendi ya Bweri uhesabu mabegi. Hatuna wazee wa siri na mvua? Ulizeni habari za watemi wa Ikizu. Hatuna migodi iliyokula watu na kuacha mashimo? Kiabakari na Buhemba dhahabu ilichimbwa tangu enzi za mkoloni. Vyote tunavyo, ila hatujavipanga kwenye mstari mmoja ambao mtu anaweza kuupita kwa baiskeli kutwa moja.

Basi tufungue ramani ya kwetu. Mwaka 1934 mtoto wa Mtemi Burito wa Wazanaki, umri wake miaka 12, alitoka Butiama kwenda kuanza shule ya Mwisenge, Musoma mjini. Walioandika maisha yake wanataja umbali wa maili 26. Zibadilishe maili hizo kuwa kilomita. Unapata 42! Msinitazame hivyo, sijapanga mimi. Ni urefu uleule wa njia ya Mayo.

Tena kwetu kuna nafuu. Ziwa liko kama mita 1,134 juu ya usawa wa bahari, na Butiama iko juu zaidi ya ziwa. Kwa hiyo mtu akianzia Butiama kwenda Musoma, ukijumlisha vilima vyote, safari yake ni ya kuteremka. Hatuhitaji mhandisi wa treni atuchongee mwinuko. Mtoto yule wa shule alishatuonyesha njia ya kufuata: anza nyumbani kwao, malizia kwenye maji.

Huo ni mstari mmoja. Wa pili ni ule wa Oktoba 1967. Mtoto yule ameshakuwa Rais, Azimio la Arusha limetangazwa Februari, vijana nchi nzima wanatembea kwa miguu kuliunga mkono. Mmoja wao, Seth Benjamin, alifariki njiani akitokea Arusha kwenda Dar es Salaam. Rais naye akafunga viatu, akatembea kutoka Butiama mpaka Mwanza, zaidi ya kilomita 200. Nioneshe basi jiwe au hata kibao cha mbao Bunda kinachomwambia mpita njia: kaa hapa kidogo, nikuambie nani alipita.

Najua kuna watakaoniambia, "Mbona baiskeli zinakuja Butiama?" Kweli, zinakuja, nami nawavulia kofia. Msafara wa Twende Butiama unatoka Dar es Salaam kila mwaka kuelekea kumbukumbu ya Oktoba 14, siku aliyofariki Mwalimu mwaka 1999. Watu wananyonga siku nyingi, jua na mvua, mpaka Mwitongo alikozikwa. Lakini jiulize: wageni wanapofika kwetu wamechoka hivyo, sisi tunafanya nini? Tunasimama kando ya barabara tunapiga makofi. Halafu Novemba inaingia, njia inarudi kuwa ya malori. Mtu wa Dar ameona Butiama inafaa kufikiwa kwa baiskeli, na wewe uliyezaliwa Nyasho hujawahi kwenda hata siku moja. Hapo nani mwenyeji?

Sasa nijibu hoja, maana nimezisikia zote.

Wa kwanza wanasema watalii wanataka simba. Haya. Bunda inapakana na Serengeti, na geti la Ndabaka liko hapo hapo barabara ya Mwanza. Magari ya watalii yanapita vioo vimefungwa. Bunda inaachiwa nini? Vumbi, na pengine bei ya soda moja. Mtu aliye ndani ya gari hanunui ndizi kwa mama wa Kiabakari, haulizi jina la mlima, wala hahitaji fundi wa kuziba pancha. Wa baiskeli anahitaji vyote hivyo kila baada ya saa moja, kwa sababu anahema, ana njaa, na tairi lake ni la mpira. Polepole yake ndiyo mshiko wa watu wa njiani.

Wa pili wanasema baiskeli ni umaskini. Hawa ndio wanaoniudhi zaidi. Wengi wetu tulifika shule tukiwa juu ya kariya ya Phoenix ya baba. Maziwa yalikuja mjini kwa baiskeli, mkaa kwa baiskeli, dagaa walipanda kutoka mwaloni kwa baiskeli, mgonjwa akapelekwa hospitali kwa baiskeli. Leo mtu akishakopeshwa pikipiki anamtazama mnyonga baiskeli kama anayenuka. Na huyo huyo bishoo akimwona Mzungu juu ya baiskeli anapiga naye picha! Umaskini gani huo unaobadilika kulingana na rangi ya mguu uliokanyaga pedeli?

Wa tatu wana hoja, nao nawapa haki yao: barabara inaua. Lami ya Bunda hadi Musoma ilitengenezwa kwa wenye injini, na basi likikupita karibu hata sikio linahama. Ndiyo maana sisemi tupitishe wageni kwenye lami. Zipo njia za vijijini, za ng'ombe, za wanafunzi, za akina mama waendao gulioni. Hapa ndipo lile la wakulima wa Mayo linarudi. Tukae na wenye mashamba, vijiji viridhie, mwenye shamba abaki na shamba lake na auze chai mbele ya mlango wake. Halmashauri tunaziomba vitu viwili tu: vibao vya njia, na ukingo salama pale ambapo lami haikwepeki. Hiyo ni bei ya reli? Hata bei ya sherehe moja ya kuzindua reli haifiki.

Wa nne ndio ninyi, waandishi wenzangu. Mnasema, "Habari za Nyerere zimeshasimuliwa, zimechosha." Zilizosimuliwa ni hotuba. Mtoto wa miaka 12 alikuwa akila nini maili ya kumi na tano? Kwenye begi lake, kama alikuwa na begi, mlikuwa na nini? Alipoliona ziwa kwa mbali, alijua ni maji au alidhani ni mbingu imeanguka? Vitabu vya historia havijibu. Hiyo ni kazi ya riwaya, na riwaya ni kazi yetu. Yeye mwenyewe alikuwa mtu wa kalamu. Alileta tamthilia za Shakespeare katika Kiswahili, Julius Caesar mwaka 1963 na Mabepari wa Venisi mwaka 1969. Mtu wa Butiama aliileta Roma na Venisi mpaka kwetu. Sisi tunashindwa kuifikisha Butiama hata Mwanza!

Na hapa nitasema la moyoni. Mimi nimemaliza kidato cha nne, nina muswada wa riwaya wa kurasa mia mbili na kitu, hadithi inatokea Bunda. Mchapishaji mmoja, jina lake namhifadhia, aliurudisha na ujumbe mfupi: Bunda haina mvuto, nihamishie hadithi Dar. Yaani yule mama anayeuza mihogo stendi awe anauza chipsi Kinondoni, ndipo machozi yake yawe machozi. Sikuhamisha. Lakini wangapi mmehamisha? Fungua hadithi za vijana wa Musoma siku hizi: mhusika anaamka kwenye ghorofa, anaendesha gari ambalo mwandishi hajawahi hata kuligusa, anampenda msichana wa Masaki. Usanii mtupu. Halafu mnashangaa wasomaji hawawaamini.

Kutoka Bunda unakwenda Kisorya, unavuka maji, uko Ukerewe. Huko Aniceti Kitereza alimaliza riwaya yake kubwa kwa Kikerewe mwaka 1945. Aliingoja ichapishwe mpaka mwaka 1980, ilipotoka kwa Kiswahili ikiitwa Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka, na mwaka 1981 akafariki. Huko huko Ukerewe alizaliwa Euphrase Kezilahabi, akatupa Rosa Mistika mwaka 1971. Wote wawili waliandika kisiwa chao na njia zake na maji yake. Kama kuna aliyewaambia kisiwa hakina mvuto, hawakumsikiliza. Na huko pia baiskeli inafika!

Mkitaka kuona njia inakuwaje ikikosa msimulizi, msiende Ulaya. Nendeni Kusini. Baada ya vita ya pili ya dunia Waingereza walianzisha mpango wa karanga, wakajenga bandari ya Mtwara, wakalaza reli kwenda Nachingwea. Karanga zikagoma, mpango ukaachwa mwaka 1951, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 reli nayo ikafungwa na kung'olewa. Ilikufa kama ile ya Achill. Tofauti ni kwamba ile ya Achill watu hupanda ndege kwenda kuisikiliza. Hii yetu, muulize kijana yeyote wa kidato cha nne hapa Musoma kama amewahi kuisikia. Na sisi hapa Mara, ambao reli haikufika hata ife, tutasahauliwa mara mbili.

Kwa hiyo napendekeza, na napendekeza kazi, siyo semina. Tuanze na watu wanane, Jumamosi moja, msimu wa kiangazi. Baiskeli tukodi kwa wenyeji. Waongozaji wawe wawili, mmoja mbele mwenye simulizi, mmoja nyuma mwenye pampu, viraka na solusheni. Asubuhi tuwe Mwitongo, tuone makumbusho na kaburi, tuwasikilize wazee wa Butiama. Kisha tushuke kwa njia za vijijini. Chakula cha mchana kiwe kwa mama wa njiani: ugali wa muhogo, sato au dagaa, asali kama ipo. Jioni tufike Mwisenge, halafu ziwani, tukalowanishe matairi. Leseni na vibali tufuate kama sheria inavyotaka, tusijetukaitwa wababaishaji.

Na kila mwongozaji awe mwandishi. Hili ndilo sharti langu, na sababu yake nitaitaja. Njiani kuna kishawishi cha kutunga. Mgeni ametoa macho, wewe unaongeza chumvi: hapa Mwalimu alilala, hapa alinywa maji, hapa alimshinda fisi. Ukishaanza hivyo umeiua njia, maana siku mgeni akigundua uongo mmoja hataamini hata kaburi. Anayeandika hadithi anapaswa kuijua mipaka hiyo kuliko mtu mwingine yeyote. Kwenye riwaya tunga utakavyo. Njiani, kilichothibitika kiseme, na kinachosimuliwa tu sema "husimuliwa". Usiku rudi nyumbani uandike uliyoambiwa na yule mama wa sato, kabla hajafa nayo.

Mtaniambia pesa za kuanzia ziko wapi. Baiskeli nane za kukodi siku moja hazizidi michango ya harusi mnayotozwa kila mwezi. Mtaniambia watalii hawajulikani watatoka wapi. Watalii wa kwanza ni sisi: walimu wa Musoma, wauguzi, wafanyabiashara wa Mukendo, wanafunzi wa Bunda ambao Butiama wameiona kwenye vitabu tu. Ukishaweza kumsimamisha Mjita wa Makoko katikati ya njia akasahau jua kwa ajili ya habari ya Wazanaki, mgeni kutoka Dublin hatakushinda.

Wanaotaka kungoja treni waendelee kungoja, stesheni haijajengwa lakini kivuli cha mwembe kipo. Sisi wengine tukutane Butiama. Mwenye baiskeli aje na baiskeli, asiye nayo atabebwa kwenye kariya, ila asisahau daftari. Siku reli ikija, itukute tuko njiani.

Nawasilisha.